Tegu wa Mzee Gabrieli

Mwalimu hana pa kujificha msibani. Ukishajulikana kwamba unashika chaki, karatasi yoyote yenye maandishi itakufuata hadi jikoni. Ndivyo Neema alivyonikuta nasonga ugali wa waombolezaji, masizi hadi kwenye viwiko, akaniambia, "Dada Paska, wasifu wa baba utasoma wewe. Mimi sauti itanikatika." Nikanawa mikono, nikaipokea ile karatasi, nikasimama chini ya turubai pale Unyambwa huku upepo ukitaka kuninyang'anya. Nikasoma kwamba marehemu Mzee Gabrieli alizaliwa, akabatizwa, akafunga ndoa takatifu, akafanya kazi miaka thelathini kwenye kituo cha utafiti wa samaki huko pwani. Kisha nikafika mahali palipoandikwa hivi: "Baada ya kustaafu, marehemu alianza kusumbuliwa na tatizo la kupoteza kumbukumbu, akalazimika kuiacha kazi aliyoipenda." Nikapasoma. Sikukohoa wala sikusita. Watu wakaguna "maskini," na mjane wake, Mama Neema, aliyekuwa ameketi mkekani miguu ameinyoosha, akainamisha kichwa. Maneno yale yalikuwa uongo. Kumbukumbu ya Mzee Gabrieli haikuwa na kasoro yoyote. Kazi yake niliiharibu mimi, nilikuwa na miaka ishirini na moja, na kwa miaka ishirini na mitatu sikumwambia mtu.

Mwaka ule nilikuwa nimemaliza kidato cha sita, nasubiri kupangiwa chuo, na kipaji changu kimoja kilikuwa kuchora. Mzee Gabrieli alikuwa amerudi nyumbani kutoka pwani na masanduku manne, akawa anaulizia nani anaweza kuchora kitu kama kilivyo bila kukipamba. Nikapelekwa kwake. Chumba chake cha kazi kilikuwa stoo ya magunia ya alizeti, amekifagia na kuweka meza chini ya dirisha ili kioo cha hadubini kipate jua, maana umeme ulikuwa haujafika. Tulipokuwa tunatengeneza slaidi tulifunga dirisha na mlango tukachomeka matambara chini, kwa sababu vumbi la upepo wetu halina adabu, likiingia kwenye gundi limeingia milele. Tulikaa humo tukitokwa jasho, na chumba kizima kikinuka mafuta ya karafuu, ambayo ndiyo yanayomfanya mnyoo awe mwangavu uone vilivyomo ndani yake. Majirani walidhani mle ndani kunapikwa pilau. Mama mmoja alibisha hodi mara mbili wiki moja, anaulizia moto, macho yakipita juu ya bega la Mzee yanatafuta sufuria.

Alichokuwa nacho ni tegu. Si tegu hawa wa kwetu wa nyama ya ng'ombe isiyoiva, wanaofundishwa shuleni. Ni tegu wa taa, yule samaki bapa wa baharini mwenye mkia mrefu, na wengine wachache wa papa. Mimi bahari nilikuwa sijaiona. Papa nilimjua akiwa mkavu, ametiwa chumvi, amekunjwa sokoni kama kipande cha turubai. Nilipomwambia hivyo Mzee Gabrieli alicheka mpaka akavua miwani. Akanieleza kwamba ndani ya utumbo wa taa kuna ngazi inayozunguka kama skrubu, na katika kila kipandio cha ngazi ile wanaishi tegu, wengine wadogo kuliko punje ya uwele. Nilipomwona wa kwanza kwenye hadubini nilisema "Yesu wangu!" kwa sauti. Kichwa chake kilikuwa na sehemu nne zilizofunguka kama maua, na kila moja ina jozi za ndoano, kisha shingo, kisha pingili, pingili, pingili. "Umemwona?" Mzee akaniuliza. "Sasa mchore. Ndoano zihesabu, usizikisie."

Mama Neema hakuwapenda wageni wale hata kidogo. Alituletea chakula mpaka mlangoni tu, ugali wa mtama na mlenda, wakati mwingine kuku, na aliongea akiwa nje. "Wenzangu waume zao wakitoka pwani wanaleta mikeka na nazi. Mimi kaniletea wake wenza, tena wamo kwenye chupa." Mzee humjibu, "Wake wenza hawa hawali, hawadai khanga. Una shida gani nao?" Naye, "Shida yangu ni kwamba unawaangalia wao kutwa." Walipenda kutaniana hivyo. Walipotaka kuzungumza jambo zito walihamia Kinyaturu na kushusha sauti, wakisahau kabisa kwamba hata mimi ni Mnyaturu. Kwa njia hiyo nilijua mengi yasiyonihusu: kwamba Neema alikuwa ameolewa mbali na haandiki, kwamba Mzee kifua kinambana usiku hataki kwenda kupimwa. Na nikajua kwamba Mama Neema, pamoja na kelele zake zote, alikuwa anamwombea mumewe kanisani kila Jumapili ili mnyoo wake apate jina.

Maana hilo ndilo lilikuwa jambo lenyewe. Miaka thelathini Mzee Gabrieli alipasua matumbo ya taa kwenye soko la samaki, akatoa tegu, akawatia kwenye dawa, akawapaka rangi, akawaweka kwenye slaidi, na wataalamu wageni wakaja wakawachukua wakaenda kuwapa majina. Majina yale yalitoka kwenye majarida. Jina la Mzee Gabrieli lilitoka pia, mwishoni kabisa, kwenye shukrani. "Niko kwenye shukrani," aliniambia. "Shukrani zangu ukizikusanya zinajaa debe." Hakusema kwa uchungu, ila aliirudia mara nyingi mno kwa mtu asiye na uchungu. Miaka yake ya mwisho kazini alipata tegu mmoja kwenye aina fulani ya taa, akamlinganisha na wote waliokwisha kuandikwa, akaona huyu hajulikani. Huyo alimnyamazia. Aliyekuwa mkuu wake alimruhusu kuondoka naye, pamoja na daftari lake la kumbukumbu, na Profesa mmoja wa chuo kikuu akaahidi kumsaidia kuchapisha. Alitaka kufanya hilo moja tu kabla hajafa. Alitaka mnyama mmoja duniani ambaye jina lake limeandikwa na yeye, mtoto wa Unyambwa aliyeishia darasa la nane la zamani.

Jina lenyewe aliliandika siku moja kwa penseli chini ya mchoro wangu, ili nijifunze kupanga herufi zake. Kanuni ya fani yao ni kwamba mtu hampi mnyama jina lake mwenyewe. Alikuwa amempa jina la mkewe. Nikacheka, nikamwambia, "Mzee, Mama Neema akijua umempa mnyoo jina lake, utalala nje." Akasema, "Atajua likishachapwa. Jina likitoka kabla mnyama hajaelezwa na kuchorwa, sisi tunaliita jina tupu. Linazurura tu, halina mwili. Usilitaje popote." Nikamuuliza hata kwa Mama Neema? "Hasa kwa Mama Neema." Nikaapa. Hiyo ndiyo ahadi pekee kwa mzee yule ambayo niliitunza mpaka akazikwa, na hata hapa sitaliandika.

Sasa nieleze nilichofanya. Wiki yangu ya tatu, Mzee alikwenda Mgori kumwona dada yake mgonjwa, akaniachia kazi moja: niongeze spiriti kwenye vichupa vya sanduku la pili, kwa sababu joto lilikuwa linaikausha. Vichupa vilikuwa ishirini na sita. Katika kila kimoja walikuwamo tegu kadhaa na kipande kidogo cha karatasi, kimezama humo humo ndani, na juu yake namba ya yule taa waliyetolewa kwake. Namba ile ndiyo iliyounganisha kichupa na daftari, maana kila aina ya taa ina tegu wake, na tegu wa taa huyu hakai kwa taa yule. Nikazitazama zile karatasi. Zimekuwa za manjano, kingo zimechakaa, na namba zimeandikwa kwa penseli. Penseli! Kwetu penseli ni ya watoto. Unaandika kwa penseli darasa la kwanza, la pili, la tatu, na siku unayoruhusiwa kushika kalamu ya wino unarudi nyumbani unakimbia kumwonyesha mama. Nikaona aibu kwa niaba yake. Mzee mzima, mtaalamu, Profesa atakuja kufungua sanduku hili akute maandishi ya darasa la pili? Nilikuwa na kalamu mpya ya bluu, zawadi ya kumaliza shule. Nikakata karatasi nyeupe ishirini na sita, nikanakili namba zote kwa mwandiko wangu mzuri kabisa, nikazitumbukiza kila moja mahali pake. Zile za zamani nikazitia kwenye jiko, chini ya chungu cha mlenda. Nilifurahi. Nilipanga nisimwambie kitu, azione mwenyewe anisifu.

Alirudi na asali na habari za dada yake, na sanduku lile lilibaki juu ya rafu. Hatukuwa na haja nalo. Tulikuwa na slaidi tatu za mnyoo yule, alizokwisha kuzitengeneza akiwa pwani, na hizo tulizichora miezi na miezi, kichwa upande huu, kichwa upande ule, ndoano moja moja. Ulikuwa mwaka mzuri. Nasema hivyo nikijua nilichofanya. Alinifundisha kutazama kwa jicho moja bila kufumba la pili. Alinifundisha kusema "sijui" na kuandika "sijui" kwenye karatasi ya kazi. Saa saba tulifungua mlango tukala, na Mama Neema akasimama pale nje akiuliza, "Haya, mke mwenzangu leo ameota mguu?" Nikimkumbuka Mzee yule akiwa na furaha, namkumbuka saa saba mchana, tonge mkononi, anajibu upuuzi ule kwa uso wa jaji.

Barua ya Profesa ilifika mvua zikiwa zimeanza. Ilisema michoro ni mizuri, maelezo ni mazuri, ila minyoo watatu hawatoshi kumtangaza mnyama mpya. Tuma na wale wengine waliotoka kwa taa yule yule, pamoja na lebo zao. "Si wapo?" Mzee akasema, anapiga meza kofi. "Wapo! Paska, kalete lile sanduku la pili, mimi naoga kwanza." Nikalishusha. Nikafungua. Spiriti katika kila kichupa ilikuwa ya bluu hafifu, na karatasi zangu ishirini na sita zilikuwa nyeupe tupu. Wino ulikuwa umeyeyuka wote kama sukari kwenye chai. Nilikuwa na alama nzuri sana ya kemia. Sikuhitaji kueleweshwa kwa nini watu wa fani ile huandika kwa penseli.

Nitasema ukweli wote, maana nusu nimeisema miaka mingi moyoni na haijanisaidia. Kosa la kwanza lilikuwa la kitoto, mtu angeweza kunisamehe. La pili nililifanya kwa akili timamu. Nilimsikia bado anamwaga maji uani, anaimba. Nikachukua dumu la spiriti safi, nikavimwaga vile vichupa kimoja kimoja nyuma ya uzio wa michongoma, nikajaza upya, nikarudisha. Sikumwaga hata mnyoo mmoja, alikuwa amenifundisha vizuri. Alipoingia anajifuta, vichupa vyote vilikuwa angavu, na karatasi nyeupe zimelala humo kana kwamba hazijawahi kuguswa na mtu. Akainua cha kwanza kwenye mwanga. Akakigeuza. Akainua cha pili. Alifika mpaka cha ishirini na sita, hakuruka hata kimoja. Kisha akaniuliza polepole, "Paska, siku ile uliyoongeza spiriti, hizi zilikuwa zimeandikwa?" Nikasema, "Sikuangalia, Mzee."

Hayo tu. Akakaa kwenye kigoda. Akaanza kujieleza mwenyewe, kwa sauti ya mtu anayetafuta kitu mfukoni: wiki ile ya kufunga mizigo alikuwa na homa, malaria ile mbaya, huenda alikata karatasi akasema ataandika kesho, kesho akasahau. "Lakini naona kabisa mkono wangu unaandika," akasema. "Naona, Paska. Naona na namba." Kisha akavirudisha vichupa sandukuni, kimoja kimoja. Jioni ile walihamia Kinyaturu. Nilikuwa naosha vyombo. Mzee akasema, "Mama Neema, akili inaniacha. Nakumbuka vitu ambavyo sikuvifanya." Mkewe akamwambia asiseme hivyo, Mungu ni mwema. Lakini nilimsikia alivyovuta pumzi, na nilijua ameamini.

Binadamu akishaambiwa mtu anasahau, kila kitu kinakuwa ushahidi. Miwani ikisahaulika dirishani, umeona? Akimwita jirani kwa jina la kaka yake, umeona? Mambo ambayo wewe na mimi tunayafanya kila siku, yeye aliyafanya na watu wakatazamana. Kabla sijaondoka kwenda chuo, Mama Neema alikuwa amekwisha kufunga chumba kile, kwa hofu kwamba Mzee atasahau taa ya spiriti ikiwaka aunguze nyumba. Ufunguo aliufunga kwenye pindo la khanga yake. Sokoni Mzee hakwenda tena peke yake. Naye hakupinga. Alikuwa mtu wa ushahidi, na ushahidi aliuona kwa macho yake, vichupa ishirini na sita.

Wahenga walisema njia ya mwongo ni fupi. Ya kwangu ilikuwa ya miaka ishirini na mitatu, na haikuwa na kona hata moja. Kila likizo nilikwenda kumwamkia, nikachukua sukari na majani ya chai, na kila mara njiani nilikuwa na maneno tayari mdomoni. Nikifika, yeye ndiye aliyekuwa wa kwanza kusema. "Mwanangu, unisamehe. Nilikupotezea mwaka wako." Aliniomba msamaha yeye! Nami nikamwambia hapana, Mzee, usiseme hivyo, nikanywa chai yangu. Mara ya mwisho, akiwa amepita themanini, alinitajia sehemu zote za kichwa cha tegu yule, idadi ya ndoano, na upana wa pingili ya kwanza, bila kukosea. Mama Neema akanikonyeza kwa huruma, maana yake msikilize tu mzee wa watu.

Baada ya arobaini nilirudi Unyambwa. Nilichagua saa saba mchana, sijui kwa nini. Mama Neema alikuwa barazani anabangua karanga, peke yake, ameshavua kaniki ya msiba na kuvaa khanga ya zamani. Nikasema shikamoo, akasema marahaba mwanangu, karibu, shika ungo. Nikashika ungo. Nikambangulia kama vikombe viwili hivi, halafu nikamwambia. Nilianza na penseli, nikamalizia nyuma ya michongoma. Mikono yake iliendelea na karanga muda wote, mpaka nilipomaliza ndipo ikaacha.

"Kwa hiyo aliziandika," akasema.

"Aliziandika zote, mama."

"Alikuwa anakumbuka kweli."

"Alikuwa anakumbuka kweli."

Akatazama mlango wa ile stoo. "Alikuwa ananiomba," akasema. "Si mara moja. 'Mama Neema, nipe ufunguo niingie chumbani kwangu nikae tu, sitawasha kitu.' Mimi namwambia, tulia baba, utajiunguza. Nilimsemesha kama mtoto, Paska. Mbele za watu. Kumbe mwenzangu alikuwa mzima." Hakupaza sauti. Ningependa angepiga kelele, ningependa angenitupia ule ungo. Alitafuta pindo la khanga, akaanza kufungua fundo kwa vidole vilivyopinda, na nilipotaka kumsaidia akausogeza mkono wangu pembeni. Ufunguo ulikuwa umeshika kutu. Akauweka mkekani katikati yetu, katika maganda ya karanga, na hakuna aliyeugusa.

Nililia. Yeye hakulia. Kuku wakaja wakadonoa tulichomwaga, hakuwafukuza. Kisha akauliza, kwa sauti yake ile ya mlangoni, lakini imechoka, "Na huyo mke mwenzangu. Alitaka kumwita nani?"

Mzee aliyeniapisha alikuwa ardhini, na hapakuwa tena na jarida lolote la kungoja. Nikamwambia, "Wewe, mama. Alimpa jina lako."

Akanigeukia. "Lipi? La kanisani au la nyumbani?"

"La nyumbani."

Akaichukua khanga akajifunika nayo kichwa, polepole, mpaka usoni.

"Hilo," akasema kutoka mle ndani, "alikuwa amebaki yeye tu wa kuniita."